Chui wa Tingatinga Ana Macho Mawili

Mwaka jana mwezi wa nane nilikuwa TP katika shule moja ya kata huko Temeke, nafundisha hesabu kidato cha nne. Mada ilikuwa maumbo yenye kina: mchemraba, piramidi na ndugu zao. Nikachora mchemraba ubaoni, uleule tunaouchora wote. Unaweka mraba mmoja, unaweka mwingine umesogea kidogo juu na kulia, halafu unaunganisha kona kwa mistari minne. Kazi imeisha. Nikawageukia, nikauliza uso wa mbele ni upi.

Upande wa madirishani wakasema ule wa chini. Upande wa mlangoni wakasema ule wa juu. Nikadhani wananifanyia utani, maana walimu wa TP tunajua tunavyojaribiwa. Nikautazama ubao mwenyewe. Uso wa chini ulikuwa mbele. Nikakodoa macho tena, ukarudi nyuma, na ule wa juu ukaja mbele. Chaki haikuwa imesogea hata kidogo.

Kelele zikiwa zimepamba moto, kijana mmoja wa dawati la nyuma akanyoosha mkono. Somo ni la Kiingereza lakini yeye akauliza kwa Kiswahili, kama wanavyofanya wanapotaka kuelewa kweli. "Mwalimu, umesema nyuso zote sita ni mraba. Mbona hizo za pembeni zimelala?"

Nilimjibu nilivyojibiwa mimi nilipokuwa kidato cha nne: ndivyo unavyochorwa, andika. Kipindi kilikuwa kinaisha, na aliyekuja kunikagua alikuwa amekaa nyuma anajaza fomu yangu. Kesho yake nikasahihisha madaftari. Kijana yule alikuwa amechora mraba katikati, miraba minne ikiuzunguka, na wa sita umening'inia chini yao, kama boksi la sabuni lililokunjuliwa. Kila pembe nyuzi 90. Kila upande sawa na mwenzake. Nikampiga mkasi kwa kalamu nyekundu, nikaenda daftari linalofuata.

Nimeyakumbuka hayo kwa sababu ya ubishi wa kimbwetani wiki chache zilizopita. Mwenzetu mmoja alikuja na mfuko wa kitambaa wenye picha ya Tingatinga, chui mwenye madoa na macho kama taa za daladala. Mwingine akasema, "Hizi picha za kitoto bwana. Mtu hajui hata kuchora umbali, halafu tunawaambia wazungu ndiyo sanaa yetu." Tukacheka wote, na mimi nikiwemo. Usiku nikiwa kitandani ndipo kijana wa Temeke aliponirudia na swali lake.

Msimamo wangu ni huu, na najua wenzangu wa kimbwetani watanivaa: kuchora umbali ni kiinimacho. Ni kiinimacho kizuri, chenye faida na kanuni zake, lakini ni kiinimacho. Tingatinga aliyeacha kukitumia hakukosea kitu. Na sisi tunaokwenda kuwa walimu tunawahukumu watoto kwa mazingaombwe ambayo hatujawahi kuwafundisha, tena wengine wetu hata hatujui kwamba ni mazingaombwe.

Ushahidi wa kwanza nautoa kwa bingwa mwenyewe wa mambo haya, Mholanzi M. C. Escher. Hata kama hulijui jina lake, picha zake umeziona kwenye simu. Kuna ile ya mwaka 1961 ya maporomoko ya maji: maji yanaanguka, yanazungusha gurudumu la kinu, yanatiririka kwenye mfereji yakishuka, kona baada ya kona, na mwisho wa kushuka huko yanajikuta juu kabisa, tayari kuanguka tena. Fuata kwa kidole. Kila hatua iko sawa, na jumla yake haiwezekani duniani. Kuna nyingine ya 1960, watu wanapanda ngazi juu ya paa na hawafiki popote, kwa sababu ngazi inazunguka na kurudi ilikoanzia. Na kwenye ile ya 1958 ya jengo ambalo nguzo zake za mbele zinakwenda kushika nyuma, chini kabisa amekaa mtu ameshika mchemraba usiowezekana mkononi, anaushangaa. Nilipomwona mtu yule nilijihisi nimejiona mwenyewe siku ile mbele ya ubao.

Tena ubishi wa darasa langu una umri mkubwa kuliko shule zote za Temeke. Mchemraba unaobadilisha uso ulielezwa mwaka 1832 na Mswisi Louis Albert Necker, mtu aliyekuwa anachunguza fuwele. Wanafunzi wangu waliugundua upya kipindi cha nne, kabla ya uji.

Escher alizaliwa 1898. Shuleni hakuwa lolote zaidi ya kuchora: alirudia darasa na akafeli mtihani wa mwisho wa sekondari. Baba yake alikuwa mhandisi, naye akapelekwa kusoma usanifu majengo huko Haarlem, ndipo mwalimu wake Samuel Jessurun de Mesquita alipoziona kazi zake na kumhamishia kwenye uchongaji wa picha za kuchapa. Mwalimu huyo alikuwa Myahudi na aliuawa Auschwitz mwaka 1944. Wana-elimu wenzangu, mwalimu yule hakumpiga mwanafunzi wake mkasi. Alimtazama amefanya nini.

Kitu kingine ambacho wengi hawakijui ni kwamba Escher alijifunza sehemu kubwa ya ufundi wake kwa mafundi Waislamu. Alikwenda Granada, Hispania, mwaka 1922 na akarudi 1936, akakaa kwenye kasri la Alhambra akinakili vigae vya ukutani, namna umbo moja linavyomshika mwenzake bila kuacha nafasi. Baadaye akageuza vigae vile kuwa ndege, samaki na mijusi. Mwaka 1938 akatoa picha ya ndege weupe wanaoruka upande huu na weusi wanaoruka upande ule, ambapo nafasi kati ya weupe ndiyo weusi wenyewe. Bibi yangu ana mkeka wa ukili wenye mchezo wa namna hiyo. Ukiuangalia asubuhi unaona vipepeo vyekundu kwenye rangi ya mnyaa, jioni unaona vya rangi ya mnyaa kwenye wekundu. Hakuna aliyewahi kumwambia bibi kuwa hiyo ni hesabu.

Lakini picha ya Escher ninayoipenda kuliko zote ni joka la mwaka 1952. Amelichora kwa kila mbinu ya kuonyesha unene, mabawa, magamba, kivuli, unaona kabisa limejaa. Halafu kachora karatasi kama imechanwa matundu mawili, na joka limepitisha kichwa kwenye tundu moja na mkia kwenye lingine. Maana yake: haya yote ni karatasi. Joka linahangaika kutoka na haliwezi. Bingwa wa kutudanganya macho ndiye aliyekuwa anatuambia waziwazi kwamba tunadanganyika.

Sasa Tingatinga. Edward Saidi Tingatinga alitoka Tunduru, alizaliwa miaka ya 1930, akasoma shule ya misheni miaka michache tu. Akaenda Tanga kwenye mashamba ya mkonge, kisha akaja Dar es Salaam kutafuta maisha, kama baba zetu walivyokuja. Alifanya kazi za nyumbani kwa wazungu, alipiga muziki, aliuza matunda na mboga Oyster Bay, pale Morogoro Stores. Hakupitia chuo cha sanaa. Karibu na mwaka 1968 alianza kuchora kwa alichokipata: hadibodi, zile mbao nyembamba za dari, zilizokatwa mraba, na rangi ya mafuta ya kupakia baiskeli. Rangi ile haichanganyiki kirahisi na inakauka ikiwa inang'aa. Ukitaka kufifisha kilima cha mbali kiwe cha buluu hafifu, kama wanavyofanya walioenda shule, inakugomea. Kwa hiyo rangi zake zimesimama kila moja kivyake, nyuma ya mnyama kuna rangi moja tupu, au mti mdogo na maua.

Na mnyama anajaza ubao wote. Mwili ameuona kwa ubavu, miguu yote minne ipo, mkia upo, halafu uso umegeuka unakutazama wewe. Hakuna kivuli. Hakuna mbali wala karibu. Chui wake hasimami porini, anasimama kwenye ubao, na hafichi kuwa yuko kwenye ubao. Escher alihitaji matundu mawili ya kuchora ili atukumbushe kwamba karatasi ni bapa. Tingatinga hakuhitaji kutukumbusha, kwa sababu hakutusahaulisha.

Alichora kwa miaka kama minne tu. Watu wakanunua, ndugu na marafiki wakaja kujifunza kwake, akina Simon Mpata, Adeusi Mandu, Ajaba Abdallah, na baada ya kufa kwake wakaendelea. Mwaka 1972 polisi walilifyatulia risasi gari alilokuwemo, wakidhani ni la wahalifu wanaokimbia, naye akafa. Escher alikufa mwaka huohuo wa 1972, mwezi wa tatu, ana miaka 73, ana wasomi wa hesabu wanaomwandikia barua kutoka dunia nzima. Sisemi kwamba hawa wawili walijuana. Nasema tu kwamba tarehe hizo nilipoziona pamoja nilinyamaza kidogo.

Mwenzangu wa mfuko wa kitambaa atasema: sawa, lakini jicho linaona umbali kweli. Reli ya Tazara inaonekana kukutana kule mbele, haijatungwa na mtu. Kweli. Lakini kuona ni jambo moja, na kuuweka umbali huo kwenye karatasi kwa kanuni ni jambo jingine, na kanuni hiyo ina tarehe ya kuzaliwa. Ilipatikana Florence, Italia, mwanzoni mwa karne ya 15, kwa majaribio ya Brunelleschi, na Alberti akaiandika mwaka 1435. Kabla ya hapo watu wamechora maelfu ya miaka bila hiyo. Waliochora kwenye miamba ya Kondoa walimchora twiga na kila mtu akajua ni twiga.

Halafu kanuni yenyewe ina masharti ambayo hatuambiwi. Inakutaka usimame mahali pamoja, usitikise kichwa, na utumie jicho moja. Ndiyo, moja. Mistari yote inakutana kwenye tundu la jicho moja lisilocheza. Nani anaishi hivyo? Sisi tunalizunguka boksi, tunalishika, tunalikung'uta kama lina sabuni ndani. Kijana wangu wa Temeke alichora boksi analolijua mtu mwenye macho mawili na mikono. Nilitaka boksi la mtu mwenye jicho moja aliyefungwa kwenye kiti, na sikumwambia.

Hata hao wanaodhani jicho lao ni la asili wana jambo la kujibu. Kuna kitabu cha mwaka 1966 cha Segall, Campbell na Herskovits ambacho saikolojia ya elimu tuliyosoma inakitaja kwa aya moja, tukadesa tukapita. Walichukua ule mchoro wa mistari miwili yenye urefu sawa, mmoja ncha zake zina mabawa yaliyofungukia nje, mwingine yaliyokunjwa ndani kama mshale. Wengi wetu tunaapa kuwa ule wa kwanza ni mrefu zaidi. Wakawapima watu wa sehemu mbalimbali za dunia, wakiwemo wa Ankole na Toro hapo Uganda. Waliodanganyika zaidi kuliko vikundi vyote walikuwa Wamarekani, watu wa Evanston karibu na Chicago. Maelezo yao yalikuwa kwamba mtu aliyekulia kwenye vyumba vya kona na barabara zilizonyooka, jicho lake limezoea kusoma kona kama umbali, basi hata mistari mitupu inamrubuni. Maelezo hayo yamebishaniwa sana tangu hapo na yanaendelea kubishaniwa. Mimi kinanitosha kimoja: Waafrika ndio waliozoea kuambiwa hawaelewi picha, na hapa walikuwa wanapima kwa usahihi kuliko aliyekuja na rula.

Nilikwenda Morogoro Stores Jumamosi moja. Nilitarajia mahali pa kitalii tu, na kweli watalii wapo na bei za kitalii zipo. Lakini nyuma ya vibanda watu wamekaa chini wanapaka, redio inasema, rangi iko kwenye vikopo. Siku hizi picha zimejaa kuliko za mwanzilishi, twiga ishirini kwenye ubao mmoja, samaki wanaozunguka hadi unasikia kizunguzungu. Nikamwamkia mzee mmoja aliyekuwa anatia madoa, kidole kidogo kimeegemea ubao ili mkono usitetemeke. "Shikamoo mzee." "Marahaba mwanangu, karibu, angalia bure." Nikamuuliza kwa nini chui huyu amekaa upande lakini tunaona macho yote mawili. Akanitazama kama nimeuliza kwa nini maji yanalowesha. "Chui ana macho mawili na miguu minne. Mteja analipa kamili, mimi nimpe nusu chui?"

Nimesoma makala kadhaa za wataalamu kuhusu Tingatinga, na sijapata jibu bora kuliko hilo.

Sitaki nieleweke vibaya. Sisemi tuache kuchora kwa kina. Mtoto wa Mbagala anayetaka kuwa fundi ujenzi au mhandisi lazima asome ramani ya jengo, na mtihani wa taifa unamtaka achore mchemraba, na jiografia inampa picha iliyopigwa kutoka mlimani imwambie kipi kiko mbele na kipi nyuma. Alama zake zinategemea kiinimacho hiki. Ndiyo maana nakasirika. Kitu kinachoweza kumwangusha mtoto mtihani kinafundishwa kwa maneno mawili, "ndivyo unavyochorwa", na somo la sanaa lenyewe sekondari nyingi za kata halipo. Watoto wenye vitabu vya picha na katuni nyumbani wanakipata bila kufundishwa. Wasio navyo wanapigwa mkasi. Kisha tunasema hawana akili ya hesabu.

Na hakigharimu kitu. Likizo nilijaribu nyumbani Mbagala na wadogo zangu. Nilichukua kalamu ya kuandikia ubao mweupe, nikamsimamisha wa darasa la tano mbele ya dirisha la kioo, nikamwambia afunge jicho moja, asitikise kichwa, afuatishe kwenye kioo barabara anayoiona nje na ukuta wa jirani. Mara tatu za kwanza alitikisa kichwa, barabara ikahama, akanilaumu mimi. Ya nne akamaliza, akarudi nyuma kuangalia. "Kumbe barabara inakuwa pembetatu!" Nikamwambia afungue jicho la pili na asogee. Mchoro ukaacha kulingana na barabara, akacheka sana. Baadaye nikampa boksi la sabuni, nikamwambia alichore kama linavyoonekana kwenye kioo, kisha alikunjue alichore lilivyo. Yote mawili akayapata, na akajua tofauti yake. Hiyo ilichukua muda mfupi kuliko nilioutumia Temeke kutuliza kelele.

Kwenye semina za mbinu za kufundishia tunafundishwa kuandaa zana, tunakata maboksi, tunapaka rangi, tunapigwa picha nazo. Ningependa mhadhiri mmoja atuwekee mezani joka la Escher na chui wa Tingatinga, atuulize yupi anasema ukweli, halafu atuache tugombane saa nzima. Tungeingia TP tukiwa na jibu la swali la yule kijana.

Chui nilimnunua, saizi ya daftari, maana bumu halikuruhusu zaidi. Yuko juu ya kitanda changu hosteli. Mwenzangu wa chumba analalamika kwamba kila anakokaa anamtazama.

Kijana wa Temeke alifanya mtihani wa taifa Novemba. Daftari lake nililirudisha siku ileile likiwa na mkasi wangu, na TP ilipoisha niliondoka bila kuliomba tena.